Mpira Ulinigusa, Refa Akaniamini

Shangazi Verna mpendwa,

Mama yangu amekuwa akikata safu yako ya gazetini na kuibandika kwenye mlango wa friji tangu nina meno ya utotoni, kwa hiyo najua huna subira na watu wanaojizungusha, nami nakwenda moja kwa moja: nilimdanganya mtu bila kutamka hata neno moja, sasa mtu huyo ninaishi naye nyumba moja, tunapikiana, tunataniana kwa vicheko, na Ijumaa ya wiki ijayo mmoja wetu anapoteza kazi. Naomba unijibu Jumatano kabla ya Ijumaa hiyo. Majina yote nimebadilisha.

Mimi ni mchezaji wa mpira wa wavu, huu wa ukumbini, na ni mzuri, nasema hivyo bila aibu kwa sababu ningekuwa mbovu nisingekuwa na tatizo hili. Nimekulia katikati ya Nebraska, mji wa watu mia nane wenye ukumbi wa mchezo wa kukaa watu elfu moja na mia mbili, na siku za mechi unajaa. Nilianza na miaka tisa. Kila Jumamosi ya majira ya baridi magari ya wazazi yalitupeleka kwenye mashindano, viwanja kumi na viwili chini ya paa moja, na kanuni ya kule unaijua mwenyewe, timu ikipoteza haiendi kula, inabaki kuchezesha mechi inayofuata, mmoja anaandika alama, wawili wanashika bendera kwenye mistari, hata kama wanalia. Mimi nilishika bendera mara nyingi kuliko nilivyopenda, na refa aliyekuwa juu ya ngazi kando ya wavu kila mara alikuwa mama mmoja, nitamwita Bi. Stroh, ambaye alitufundisha mambo mawili tu: mwenye bendera anaonyesha alichokiona hata kama kinamuumiza dada yake, na mchezaji aliyeguswa na mpira anainua mkono mwenyewe, hasubiri kuulizwa.

Nililishika hilo la pili kama dini. Mpira ukinigusa vidoleni ukatoka nje, pointi ni ya wapinzani, mkono juu. Shuleni niliinua, kwenye klabu niliinua, na nilipofika chuo kikuu marefa wa eneo zima walikuwa wameshanizoea, mpira ukitoka karibu na mikono yangu wanamtazama mwenye bendera, halafu wananitazama mimi, na mimi ndiye wanayemwamini. Mara mbili niliipotezea timu yangu seti kwa namna hiyo. Kocha alinuna, gazeti likaandika makala, mama akaibandika kwenye friji chini ya safu yako.

Sasa njoo kwenye siku yenyewe, miaka mitatu iliyopita, fainali ya kanda yetu, mwaka wangu wa mwisho chuoni, seti ya tano, sisi kumi na nne, wao kumi na tatu. Wakati huo nilikuwa nacheza upande wa kulia, na kwa sababu hiyo kila shambulio la binti mmoja wa upande wao, nitamwita Corrine, lilikuja usoni pangu. Corrine alikuwa na pigo moja ambalo lilitutesa msimu mzima, haupigi mpira chini kama wengine, analenga ncha za vidole vya anayezuia, mpira unaparuza vidole na kuruka hadi kwenye mabenchi, na pointi inakuwa yake. Walimpa mpira, akaruka, nikaruka, na mpira ukaparuza vidole vyangu viwili, kidole cha kati na cha pete, mkono wa kulia. Niliusikia. Hata sasa nikikukunjulia kiganja naweza kukuonyesha ulipopita.

Mwenye bendera alikuwa amezibwa na nguzo, akaonyesha nje bila mguso. Kocha wao alikuwa ameshamaliza nafasi zake zote za kuomba picha za video. Bi. Stroh, kwa sababu ndiye aliyekuwa juu ya ngazi siku hiyo, akageuza kichwa na kunitazama. Hakuniuliza chochote, alinitazama tu kama alivyonitazama tangu nina miaka kumi na moja, na mimi, Shangazi, niliweka mikono kiunoni. Akapuliza filimbi. Kumi na tano kwa kumi na tatu. Wenzangu wakaniangukia.

Ushindi ule ndio uliotupeleka mashindano ya taifa, na huko ndiko aliponiona wakala aliyenipeleka Ujerumani, msimu mmoja Ujerumani, miwili Italia, nikahamishiwa upande wa kushoto kwa kuwa wachezaji wa kule wa upande wa kulia ni warefu kama minara, nikajifunza kupokea mpira kuliko nilivyowahi kujua, nikawa mchezaji kamili. Kazi hiyo niliifanya mwenyewe, kwa magoti yangu, hakuna aliyenipa. Lakini mlango uliofunguka ulifunguliwa na mikono iliyokaa kiunoni, na hilo pia nalijua. Kinachonichoma zaidi ni kwamba nimeambiwa Bi. Stroh hadi leo anapofundisha marefa wapya ananitaja mimi kwa mfano.

Mwaka huu nimerudi nyumbani, kwenye timu ya kulipwa hapa Sioux City. Tulipofika kambini tukapangiwa nyumba wawili wawili, nikafungua mlango nikamkuta Corrine anapanga vikombe. Nilitaka kugeuza gari. Lakini Shangazi, yule binti hana kinyongo hata cha dawa, alinikumbatia, akasema afadhali amepangwa na mtu msafi, na ndani ya wiki mbili tulikuwa tunacheka mpaka majirani wanagonga ukuta, ananitania kwamba naosha kitunguu mara mbili kama kimetoka hospitali, na mimi namtania kwamba anaendesha gari kama nyanya yangu anayekwenda kanisani. Yeye baada ya chuo alicheza msimu mmoja Uswidi, akarudi akafundisha watoto wa sekondari, akafanya majaribio na timu hii na akapita. Bega lake ni lile lile. Lakini lile pigo la vidole halipigi tena. Akikuta mikono miwili mbele yake anausukuma mpira polepole nyuma ya ukuta wa wanaozuia, kila timu imeshamjua, wanauokota kama embe lililoanguka.

Jumapili iliyopita baada ya ibada tulikuwa tunapika mchuzi wa nyama na maharage, mikate ya mdalasini iko ovenini, na nikamuuliza, kwa nia njema kabisa, kwa nini hapigi vidole kama zamani. Akaweka mwiko chini.

"Wewe wa kuniuliza hivyo? Ulikuwepo," akasema. "Mpira wa mwisho wa chuo niliupiga nje, mtupu, haukugusa hata ukucha. Na mimi niliuona umekugusa. Niliuona kwa macho yangu, nikaanza kushangilia, nikakutazama, umetulia. Sasa kama macho yangu yanaweza kunidanganya kiasi kile kwenye mpira kama ule, nitayaamini lini tena?"

Nikasema pengine kulikuwa na mguso mdogo, nani ajuaye. Akacheka kweli kweli.

"Wewe? Wewe ungeinua mkono hata kwenye jeneza lako."

Kisha akatoa mikate ovenini na tukala, nami nilikula, ndiyo, na nikaomba nyongeza.

Jumatatu yake Kocha Renner akaniita pembeni. Tuko washambuliaji watano wa upande wa kushoto, anabaki na wanne, watatu wameshajulikana, na nafasi ya nne ni kati yangu na Corrine. Akaniambia Corrine ana bega bora kuliko wote ukumbini, lakini anapiga kama mtu anayeomba ruhusa. "Akibaki hivyo hadi Ijumaa ile," akasema, "nafasi ni yako." Nilipaswa kufurahi. Nilikwenda kukaa ndani ya gari nikashindwa kuliwasha.

Jana nilijaribu njia ya pembeni, mazoezini nikamwambia apige vidole vyangu, pigo lake ni zuri, mimi nalikumbuka, akapiga mawili, la tatu likatoka nje, akanitazama, akatikisa kichwa na kurudi kwenye kusukuma. Nikampigia mama nikamweleza yote, mara ya kwanza kumwambia mtu. Mama akasema sikusema uongo wowote, filimbi ni ya refa, kila mtu apiganie nafasi yake, na nikifungua mdomo sasa nitajiharibia jina na kazi kwa mechi ambayo hata waliopoteza wameisahau.

Kwa hiyo nakuuliza, Shangazi, nimwambie sasa, nikijua kwamba akilipata pigo lake tena huenda akanitoa, au nisubiri Ijumaa ipite, kila mtu apate lake, ndipo nimwombe radhi kwa utulivu, au mama yuko sahihi na haya yameshakwisha? Na je, mtu kama Corrine anaweza kusamehe jambo kama hili? Kila saa tatu asubuhi tunaanza mazoezi, kila saa mbili na nusu tunatoka pamoja kwa gari langu, na anaimba njia nzima. Mimi si mtu mwoga, uliza yeyote aliyecheza nami. Lakini hili limenishinda.

Ni mimi,
Niliyenyamaza, Sioux City


SHANGAZI VERNA ANAJIBU:

Binti yangu uliyenyamaza,

Barua yako imenifikia Jumamosi, kurasa nne, mwandiko mzuri, bila anwani na bila namba ya simu. Nitakurudia kwa hilo, maana hapo ndipo ulipojitega mwenyewe.

Kwanza nikupe pole, na ninakupa kwa dhati. Kubeba kitu hiki miaka mitatu, nchi tatu, huku watu wanakusifia kwa kile kile ulichokivunja, ni mzigo mbaya. Mimi nina mabinti watatu waliocheza, nimekaa kwenye mabenchi ya mbao ya jimbo hili miaka thelathini na moja mpaka mgongo umechukua umbo lake, na nimeshika bendera ya mstari mara nyingi pale mzazi mwenzangu alipochelewa. Mwaka mmoja huko Hastings mpira wa wapinzani uliingia ndani waziwazi, na mkono wangu ukaonyesha nje, kwa sababu binti yangu wa kati alikuwa upande ule na alikuwa ameshaanza kulia. Nilivumilia seti moja. Kisha nilikwenda kwa refa nikamwambia, akanikaripia mbele ya ukumbi mzima, akaninyang'anya bendera, na binti yangu hakunisemesha njia yote ya kurudi. Kwa hiyo sikuhubirii kutoka mawinguni. Ila mimi ilikuwa seti moja, wewe umekwenda mpaka Italia na kurudi.

Pole imekwisha. Sasa nikuseme.

Umeandika kurasa nne, na karibu zote zinakuhusu wewe: dini yako, mlango wako, magoti yako, gari lililoshindikana kuwashwa. Kuhusu Corrine umeandika kwamba anaimba na anacheka na hana kinyongo. Mtu asiye na kinyongo anakupa raha, si ndiyo? Unakaa naye, unakula mikate yake ya mdalasini, unaomba nyongeza, na kila siku unamwona anafuata amri uliyompa wewe siku ile kwa kuweka mikono kiunoni. Nyongeza, binti? Hapo nilishusha miwani nikazunguka jikoni kwangu mara mbili.

Mama yako nampenda, mtu anayenibandika kwenye friji hawezi kuwa mbaya, lakini kwa hili amekosea. Anasema filimbi ni ya refa. Refa yule hakutazama mstari, alikutazama wewe, na wewe ulimjibu. Kujibu si lazima mdomo ufunguke. Na anaposema waliopoteza wamesahau, mwambie aje nyumbani kwenu amwone mmoja wao anavyosukuma mpira.

Unadhani ulichukua kombe. Kombe lile limekaa kwenye kabati la kioo koridoni, wanafunzi wanapita bila kulitazama, na hata ukikiri kwa tarumbeta halitarudi kwa mtu. Ulichomchukua Corrine ni macho yake. Yeye aliona sawasawa. Aliona sawasawa kabisa, mpira ulikugusa pale pale alipolenga, lilikuwa pigo la mwanamke anayeijua kazi yake, na kwa miaka mitatu anaamini lilikuwa ndoto. Amejenga mchezo mzima wa woga juu ya kosa ambalo hakulifanya. Na duniani kote kuna mtu mmoja tu anayejua kwamba hakulifanya, na huyo mtu amekaa anatafuta njia ya pembeni.

Ndiyo maana ile njia yako ya jana haikufaa kitu. Huwezi kumwambia mtu "pigo lako ni zuri" wakati ushahidi pekee alionao ni kwamba ni baya, na shahidi aliyeutoa ni wewe. Anakuamini mno. Aliamini mikono yako kuliko macho yake mwenyewe. Mpe ushahidi mwingine, aone mwenyewe, hahitaji sifa zako.

Unauliza kama atakusamehe. Sijui. Huenda akakurushia kikombe, na kama ni kimoja ushukuru. Huenda akahama. Huenda akakaa kimya wiki tatu halafu siku moja akakuuliza chumvi iko wapi, na hapo utajua mmeanza upya. Hilo ni lake, litachukua muda wake, na wewe huna haki ya kuliharakisha. Lakini bega lake lina tarehe. Tarehe ni Ijumaa. Msamaha unaweza kungoja, nafasi ya kazi haiwezi, na wewe ulikuwa unataka kupanga kinyume.

Kumwambia baada ya Ijumaa, sahau. Ukimwendea Jumamosi na jezi yako mpya mkononi, naye anapakia masanduku kwenye gari, halafu ndipo uombe radhi kwa utulivu kama ulivyosema, hiyo radhi unajiombea wewe ulale vizuri. Atakuwa amepoteza kwa mikono hiyo hiyo mara mbili, na mara ya pili ulikuwa na wiki nzima ya kufikiri. Siku ile ulikuwa na sekunde moja, na kwa sekunde moja naweza kukuelewa. Kwa wiki nzima siwezi.

Na ndiyo, inawezekana ukakatwa. Sitakubembeleza kwa hilo. Corrine akipata pigo lake, Kocha Renner anaweza kumchukua, na atakuwa amefanya kazi yake. Lakini wewe mwenyewe umeniambia kwamba ni mzuri, tena umeniambia bila aibu, nami nakuamini, kwa sababu nimekuona ukicheza zaidi ya mara moja. Kupokea kwako ni kwa kiwango cha juu na ulikipata kwa jasho. Sasa shindana na Corrine mzima. Ukimshinda, nafasi itakuwa yako kweli, na hutahitaji kukaa ndani ya gari. Akikushinda, ligi ina timu nyingine, Ulaya ina simu, na utaondoka ukijua kipimo chako halisi, kitu ambacho kwa miaka mitatu hujakijua. Kumshinda nusu mtu uliyemkata mwenyewe si ushindi wa mchezaji wa sifa zako.

Basi fanya hivi. Mwambie nyumbani, mkiwa wawili, mmesimama au mmekaa haijalishi, lakini si ndani ya gari, ambako hawezi kuondoka. Mwambie kwa maneno machache: mpira ule ulinigusa, kidole cha kati na cha pete, mkono wa kulia, ilikuwa pointi yako, nilijua na nilinyamaza. Ukome hapo. Usiweke "lakini". Usimtaje mama, usimtaje wakala, usimwambie ulivyoteseka, na tafadhali usilie kabla yake. Akiuliza maswali, jibu kila moja. Akitoka nje, mwache atoke, na mpe funguo za gari ili asikuhitaji kufika mazoezini.

Kisha nenda kwa Kocha Renner asubuhi hiyo hiyo, kabla mipira haijatolewa, umwambie sababu ya mchezaji wake kupiga kama anayeomba ruhusa. Usimwombee Corrine upendeleo, na wewe usijitoe. Kujitoa kwa ushujaa ni kumnyima ushindi wake kwa mara nyingine, na mimi nakujua aina yako, lilikuwa limeshakupitia kichwani. Mweleze kocha ukweli, kisha nenda kapashe misuli. Corrine akikubali kupiga mipira juu ya mikono yako, simama upigwe mpaka vidole vivimbe. Akikataa, msaidie kwa kukaa mbali.

Bi. Stroh utampigia baada ya Ijumaa, kwa simu, si kwa ujumbe. Atakukaripia na utapokea. Waandishi wa habari hawahusiki, na mimi ni mmoja wao.

Sasa lile nililosema nitakurudia. Umebadilisha majina yote, vizuri. Halafu ukaandika fainali ya kanda, seti ya tano, kumi na nne kwa kumi na tatu, mpira wa mwisho, na chini ukatia sahihi Sioux City, penye timu moja tu. Binti, hapa kwetu hata kinyozi wangu anajua nani alipiga mpira ule na nani aliruka kuuzuia, na atakueleza nani alikuwa amekaa benchi. Mtu wa nje anaweza kufanya kosa hilo. Wewe umekulia kwenye mji wenye viti vingi kuliko watu, ulijua kabisa, na nafikiri mkono ulioandika matokeo yale ulikuwa umechoka kukaa kiunoni.

Nilitaka kuificha barua hii kwenye droo nikakutafute. Lakini kukutafuta kungekuwa kuuliza watu, na kuuliza watu kungekuwa kutangaza, nawe umeniomba jibu Jumatano na njia pekee uliyoniachia ni gazeti. Nimemwomba mhariri asiiweke mtandaoni mpaka saa sita mchana, na amekubali kwa shingo upande. Gazeti la karatasi siwezi kulizuia. Linafika kwenye vituo vya mafuta vya Sioux City saa kumi na mbili asubuhi, na kabla ya saa mbili mtu yeyote mwenye kikombe cha kahawa ataweza kumpigia Corrine simu na kumsomea.

Asilisikie kwa mtu huyo. Yuko chumba cha pili. Acha kunisoma mimi, kagonge mlango wake.